Nyani Huyu Nilimtazama Usoni

Faili la Jaji Pole lilipowekwa juu ya meza yangu, nilifunga mlango wa ofisi nikacheka peke yangu kama mwendawazimu. Nilikuwa nimemsubiri mtu huyu tangu nikiwa mwanafunzi wa sheria, na sasa ameletwa kwangu mwenyewe, amefungwa utepe mwekundu, na juu ya jalada pameandikwa: tuhuma za rushwa, uchunguzi ufanyike haraka.

Nilikuwa mchunguzi katika Tume inayosimamia mwenendo wa majaji. Raia akilalamika kwamba jaji amekula rushwa, au amesinzia kitini, au amemtukana wakili, sisi ndio tunaotumwa kuchimba. Tukimaliza tunapeleka ripoti kwa kamati, na kamati ndiyo inayomwita jaji ajieleze. Si kazi ya kupendwa. Majaji wanatuona panya, serikali inatuona mbwa wake, na ndugu zangu wanadhani nina uwezo wa kuwatoa watoto wao polisi.

Jina la Jaji Pole alipewa na mawakili. Kabla ya kusoma hukumu alikuwa na mazoea ya kumgeukia yule anayeshindwa na kumwambia, kwa sauti laini, "Poleni sana." Ukiisikia pole hiyo, wakili wako anaanza kufunga mkoba. Mama yangu aliisikia.

Mama alikuwa na darasa la ushonaji nyuma ya nyumba yetu. Wanawake waliokosa shule, walioachwa, waliochoka kuombaomba kwa mashemeji, wote walipita kwenye cherehani zake, na wengi walitoka wakiwa na kazi mikononi. Kiwanja walikinunua yeye na baba kwa kujinyima. Siku moja akaibuka Bwana Mabati, mfanyabiashara wa vifaa vya ujenzi wa mtaa wa jirani, na hati iliyosema kiwanja ni chake tangu enzi za babu yake. Wino wa hati ile ulikuwa haujakauka sawasawa. Sisi tulikuwa na mashahidi, tulikuwa na stakabadhi, na tulikuwa na baba, ambaye wakati huo alikuwa bado anatembea wima.

Siku ya hukumu nilikaa kati ya baba na mama. Wanafunzi wa mama walijaza mabenchi ya nyuma, kila mmoja ndani ya gauni aliloshona kwa mkono wake. Jaji akatupa pole yetu, akaanza kusoma. Anasoma vizuri, lazima niseme. Ana sauti ya mtangazaji. Akaenda, akaenda, mpaka akafika mahali akasema: "Kwa sababu hizo, mteja wangu anastahili kukabidhiwa kiwanja chote pamoja na majengo yaliyomo."

Mteja wangu! Jaji hana mteja. Mwenye mteja ni wakili. Wakili wa Bwana Mabati ndiye aliyeandika hukumu ile ofisini kwake, kwa maneno yake, akasahau kujifuta, na Jaji Pole akaipokea kama mtu anayepokea chakula kilichokwisha pakuliwa. Nilimtazama wakili. Alikuwa anakagua viatu vyake kama anataka kuvinunua. Jaji akanywa maji, akasema, "Yaani, mdai," akaendelea kusoma.

Nakala iliyopigwa chapa ilipotoka ilikuwa safi. Mdai, mdai, mdai, kila mahali. Tukakata rufaa, lakini rufaa inasoma makaratasi, haiulizi masikio ya watu. Tukashindwa tena. Cherehani zilitupwa barabarani mvua ikinyesha, na wanawake wale wakazifunika kwa khanga zao, wao wenyewe wakilowa. Baba alipooza upande mmoja, akaishia kufa katika chumba cha uani kwa dada yake, akiomba radhi kwa kila sahani ya chakula aliyoletewa. Hilo la kuomba radhi ndilo sikuweza kulisamehe. Mama hakulia. Yeye kila jioni humwombea Jaji Pole: "Mungu, mpe umri mrefu. Mpe na meno mabovu."

Basi ndiyo maana nilicheka.

Sasa, pale kwenye Tume kulikuwa na utaratibu. Mchunguzi kabla hajagusa faili, Katibu wa Tume anamletea fomu atangaze kama ana udugu au ugomvi na mtuhumiwa. Ukiwa nao, unakaa pembeni, faili anapewa mwingine. Mzee Katibu alikuwa mkali wa fomu hiyo kuliko kasisi wa ubatizo. Safari hii fomu haikuja. Nikajiambia mzee amesahau, na si mimi wa kumkumbusha.

Tuhuma zenyewe zilikuwa tamu kana kwamba nimeziandika mimi. Serikali ilikuwa imewaweka ndani viongozi wa wauguzi waliogoma. Majaji wengine waliikwepa kesi hiyo, mmoja aliugua ghafla, mwingine alifiwa na mjomba ambaye hakuna aliyewahi kumsikia. Ikamwangukia Jaji Pole, na sijui siku hiyo aliamka na nini, akaamuru wauguzi waachiwe huru mara moja. Waziri akanguruma redioni kwamba wako majaji walionunuliwa na wachochezi. Haukupita muda akatokea dereva mmoja na hati ya kiapo: kwamba yeye mwenyewe, siku moja kabla ya hukumu ya wauguzi, alibeba katoni ya fedha akampelekea Jaji Pole ofisini kwake mahakamani, ghorofa ya pili, pembeni ya maktaba.

Nilimwita dereva. Alikuwa mtu wa makamo, shati limepigwa pasi mpaka limekakamaa, mikono haijui ikae wapi. Alieleza vizuri. Alieleza vizuri mno, bila kurudi nyuma, bila kusema "ngoja nikumbuke." Nami nilikuwa naandika kwa furaha, kalamu inateleza. Ripoti ilikuwa imebakiza saini tu. Nikamuuliza la mwisho, la kukamilishia.

"Uliingilia mlango gani, kaka?"

"Mlango mkubwa, dada. Nikapanda ngazi, nikakata kushoto."

Kalamu ikasimama. Wiki ile ya hukumu ya wauguzi, bomba lilikuwa limepasuka katika jengo la mahakama. Ghorofa ya pili yote ilifungwa, maji yalishuka kwenye zile ngazi kubwa kama mto, na majaji walihamishiwa ukumbi wa iliyokuwa posta ya zamani. Mimi mwenyewe niliteleza mle nikachafua sketi mpya. Kila anayefanya kazi na mahakama analijua hilo. Aliyemwandikia dereva maneno yake hakulijua, kwa sababu watu wa namna yake hawaendi mahakamani, wanapiga simu.

Nitasema kweli: nilitafuta namna ya kutokujua nilichokijua. Nilifungua dirisha, nikalifunga. Nilimfikiria baba na sahani zake. Kisha mdomo ukaniponyoka.

"Na maji yalikufika wapi, kaka?"

"Maji gani, dada?"

Tukatazamana. Yeye ndiye aliyeshindwa kwanza. Alishika kichwa akasema, "Dada, mimi nina watoto. Nilipewa karatasi nikaambiwa nishike maneno. Leseni yangu wanayo wao."

"Wao nani?"

"Jamaa wa wizarani. Alikuja na mzee wenu wa hapa. Huyu wa chai."

Mzee wa chai katika jengo letu alikuwa mmoja. Ofisi ya Katibu ilikuwa na zulia, pazia zito, na birika ambalo halikuwahi kupoa. Nilipoingia alinikaribisha kama kawaida yake, "Kaa, binti yangu," akanimiminia kikombe. Nikamwambia dereva hajawahi kukanyaga ngazi zile. Alikoroga chai yake polepole.

"Jaji huyu ni mwizi, si mwizi?"

"Ni mwizi, mzee."

"Umejuaje?"

Nikageuzia macho pazia.

"Alimdhulumu mama yako," akasema, kwa huruma kabisa. "Unadhani faili lilikujia kwa bahati? Tangu lini mimi nasahau fomu? Nilikutafuta wewe makusudi, binti yangu, kwa sababu wengine wangeanza kuuliza milango na ngazi. Ukitaka kumuua nyani usimtazame usoni. Weka saini, mama yako alale."

Nilitoka mle chai yake haijaguswa. Alinipaka mafuta kwa mgongo wa chupa miaka yote hiyo ya "binti yangu, binti yangu". Walikuwa wamechukua uchungu wa mama yangu na kaburi la baba yangu, wakavifanya kisu cha jikoni kwao, cha kuchinjia jaji ambaye kosa lake, kwao, ni lile jambo moja la haki alilowahi kufanya. Nilikuwa na mtu mmoja wa kumchukia. Sasa walikuwa wawili, na waziri juu yao.

Nyumbani nilimkuta mama karibu na dirisha, anapinda pazia la jirani. Tangu baba afe anaishi kwangu. Nikamweleza yote, ingawa sheria ya kazi ilinikataza. Mama alinisikiliza bila kuinua macho.

"Weka saini," akasema.

"Mama, rushwa hii hakula."

"Mwizi wa kuku akisingiziwa mbuzi, basi ameacha kuwa mwizi?"

"Akifukuzwa kwa uongo atatoka shujaa. Wauguzi watambeba mabegani. Mpaka anaingia kaburini atakuwa anasema alionewa, na itakuwa kweli. Tutakuwa tumempa ukweli, mama. Bure."

Sindano ikasimama. "Mungu apishe mbali," akasema.

"Na jaji mwingine, atakayeletewa kesi ya serikali kesho, atamtazama huyu alivyofanywa, naye ataufyata."

"Huyo mwingine mimi simjui."

Hata mimi, kusema haki, huyo mwingine alinijia mwisho, wakati navua viatu mlangoni. Lakini alipokuja hakutoka tena. Kwa sababu siku ile ya hukumu yetu, kama Jaji Pole angekuwa mtu wa kumwogopa Mungu tu na sheria, baba angekuwa anatembea.

"Wanafunzi wako wa siku ile," nikamuuliza, "bado unaonana nao?"

"Wote. Tunazikana, tunaozana. Kwani vipi?"

"Waliisikia ile 'mteja wangu'?"

Mama akacheka, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia siku nyingi. "Mwanangu, wanaisema mpaka leo! Mume wa mtu akiropoka mbele za watu, wanamwambia, haya, mteja wangu, kunywa maji."

Nikamweleza basi nilichotaka kufanya, na bei yake. Mchunguzi hawezi kuwa shahidi. Nikisimama kusema niliyoyasikia mahakamani siku ile, nimejivua uchunguzi, na nikikiri kwamba nimeshika faili la adui yangu bila fomu, kazi imekwenda. Mama alikata uzi kwa meno.

"Cherehani ninayo," akasema. "Nitakufundisha, ingawa mkono wako nauona ni mzito."

Kamati ilikaa hadharani. Jaji Pole ndiye aliyeomba iwe hivyo, kwa sababu siku hizo alikuwa kipenzi cha watu na alitaka waone anavyoonewa. Mwenyekiti alikuwa jaji mstaafu, mwanamke mkongwe mwenye mkongojo, ambaye hakuwahi kuonekana akitabasamu akiwa kazini. Waandishi walijaa, wauguzi walijaa na sare zao, na Mzee Katibu alikaa kwenye meza yake ya kuandika mwenendo wa kikao, ananiangalia kama baba anayemwangalia binti siku ya mahafali.

Nilisoma ripoti. Nilisema tuhuma ni za kutunga. Nilieleza bomba, ngazi, na posta ya zamani. Dereva akaitwa, akasema yote. Akamtaja jamaa wa wizarani, na akanyoosha kidole kwenye meza ya Katibu. Mzee alikuwa anaandika. Aliendelea kuandika mpaka alipofika kwenye jina lake mwenyewe, ndipo kalamu ikamdondoka.

Ukumbi ulilipuka. Wauguzi walipiga makofi, mmoja akaimba. Jaji Pole akasimama, machozi yanamlengalenga, akaniinamia.

"Binti," akasema, "leo umeuokoa uhuru wa mahakama."

"Sijamaliza, Mheshimiwa," nikasema.

Nikamgeukia mwenyekiti. Nikamwambia sikupaswa kulishika faili lile hata siku moja, kwamba nina ugomvi na mtu huyu, kwamba Katibu aliujua na kwa sababu hiyohiyo akanipa. Nikaweka kitambulisho changu cha kazi juu ya meza. Kisha nikatoa malalamiko yangu, kama raia, nikayasoma kwa sauti: kiwanja, Bwana Mabati, hukumu iliyoandikwa na wakili, na maneno mawili aliyoyasema jaji mbele ya ukumbi mzima.

Jaji Pole alinitazama kwa upole kabisa. "Mama yako ni nani?" akaniuliza.

Hakuwa anajifanya. Alikuwa anatafuta kichwani na haoni kitu. Miaka yote ile mimi nalala naye, naamka naye, nakula naye sahani moja ya uchungu, na yeye hakumbuki. Hakuna kilichowahi kuniuma kama swali lile. Kama ningekuwa na kiatu kizito ningemrushia.

Kwenye korido muuguzi mmoja alinizuia, macho yamemtoka. "Wewe mwanamke, nani kakutuma? Waziri?"

"Mama," nikamjibu, nikapita.

Kabla kamati haijakaa tena, wakili wa jaji alikuja nyumbani, amebeba matunda. Alisema mteja wake amechoka, angependa kustaafu kimya kimya, na kwamba kama mama angeniambia niyaondoe malalamiko, suala la kiwanja lingezungumzika, watu wanafahamiana.

"Kwa hiyo anaweza kukirudisha?" mama akauliza.

"Yanazungumzika, mama."

"Kiwanja alichokitoa kwa haki, anakirudishaje?"

Mama akampa matunda yake mkononi akamsindikiza mpaka nje, kwa adabu zote. Niliogopa, siwafichi. Kazi sina tena, nyumba tunapanga, na kile kiwanja kilikuwa mlangoni petu kimefungwa na matunda. Lakini nilipomtazama mama akirudi, anajipangusa mikono, nilijua kwamba angekipokea kwa njia ile angekuwa amekinunua kwa mtu yuleyule aliyemwibia.

Siku ya pili ya kamati, wanafunzi wa mama waliingia. Walikuwa wamezeeka kidogo, wamenenepa, mmoja anasukumwa kwenye kiti cha magurudumu. Kila mmoja alikula kiapo kivyake na kusema kivyake. Mmoja alikumbuka maji aliyokunywa jaji, mwingine alikumbuka viatu vya wakili, mwingine alisema alidhani ndiyo lugha yao majaji, mpaka alipomwona binti wa mwalimu wake, yaani mimi, ameshika mdomo. Nami nilikaa kiti cha mashahidi nikasema yangu, namtazama usoni kila neno, na kila neno lilikuwa tamu. Sitaki mtu anihubirie habari za kisasi. Kilikuwa kitamu.

Mwenyekiti akamwambia jaji ajibu. Alisimama, akatengeneza tai, akachagua utetezi wake, na nadhani alidhani ni utetezi mzuri.

"Mwenyekiti, fedha sikula. Kesi zilikuwa nyingi. Wakili aliniletea rasimu asubuhi ileile, na mimi nilimwamini, ni mtu ninayemfahamu. Kosa langu ni moja tu. Sikuisoma."

"Hukuisoma kabla ya kuitoa?"

"Sikuisoma kabla. Na nikiwa mkweli, hata nilipokuwa naisoma pale mbele, sikuwa naisikiliza."

Ukumbi ukawa kimya. Mimi nilikuwa nimejiandaa kwa uongo. Nilikuwa nimejiandaa hata kwa fedha, kujua ni za nani, zilipita wapi. Sikuwa nimejiandaa kusikia kwamba nyumba yetu ilikwenda, na baba akaenda, kwa karatasi ambayo hata mwizi wake hakupata nafasi ya kuitazama.

Yaliyofuata yamo magazetini. Kamati ilipendekeza avuliwe joho, na alivuliwa. Hukumu ya wauguzi ilibaki palepale, kwa sababu mwenyekiti aliandika kwa wino mzito kwamba mwizi akisema kweli mara moja, kweli hiyo haiwi ya wizi. Mzee Katibu alistaafu ghafla kwa sababu za kiafya, ingawa afya yake ninavyoijua mimi ni ya punda. Waziri yupo. Kesi ya kiwanja inasikilizwa upya, na mimi napinda mapazia, vibaya.

Lakini magazeti hayakuandika lililotokea katika ule ukimya. Mama alisimama bila kuitwa.

"Mama, kaa," mwenyekiti akamwambia. "Zamu yako imepita."

"Nitakaa, Mheshimiwa. Lakini na yeye asome. Karatasi iliyomuua mume wangu hajawahi kuisoma. Aisome sasa, nimsikie. Mimi nina muda."

Wakili wa jaji aliruka kupinga. Mwenyekiti alimtazama mama, akamtazama wakili, akaweka mkongojo wake chini. Kisha akalitoa jalada la zamani la kesi yetu, lenye hukumu ile, akalisukuma juu ya meza mpaka likafika mbele ya Jaji Pole.

Jaji alivaa miwani. Alianza kwa sauti ya chini, kwa haraka, kama mtu anayetaka kuvuka barabara. Mama akakohoa. Jaji akakatiza, akarudi mwanzo wa mstari. Ilikuwa hukumu ndefu, na kila alipojaribu kukimbia, mama alikohoa.